Shuka za Maria: Cesare Zavattini na sinema ya Italia baada ya vita

Wazee wangu, shikamooni. Ndugu zangu wa kalamu na kamera, karibuni, na asanteni kwa kupambana na foleni ya jioni mkafika.

Naomba nianze na mlinzi mmoja. Miaka kadhaa iliyopita tulionyesha filamu ya Ladri di biciclette, yaani Wezi wa Baiskeli, kwenye ukumbi mdogo wenye viti vya plastiki. Ni filamu ya mwaka 1948, haina rangi, watu wanaongea Kitaliano, na maandishi ya chini yalikuwa ya Kiingereza. Mzee aliyekuwa analinda geti akaja akasimama mlangoni, rungu mkononi. Kitaliano hajui, Kiingereza hasomi. Ikafika pale Maria, mke wa Antonio, anapozivua shuka kitandani kwa hasira ili akaziweke bondi, mumewe apate kuikomboa baiskeli na kuwahi kazi. Yule mzee akauliza, ukumbi mzima ukasikia: "Sasa usiku watalalia nini?"

Maria analijibu swali hilo hilo ndani ya filamu. Anamwambia mumewe kwamba hata bila shuka mtu analala. Mzee wetu hakulielewa neno hata moja, lakini alifika mwenyewe mahali ambapo mwandishi alikuwa anamsubiri tangu mwaka 1948. Mwandishi huyo ndiye niliyekuja kumzungumzia. Anaitwa Cesare Zavattini. Jina la muongozaji, Vittorio De Sica, wengi wenu mmelisikia. La Zavattini wachache, na hilo linaniuma, kwa sababu miongoni mwetu wengi ndio hivyo hivyo: filamu ikipendeza watu wanamtaja steringi, wachache wanamtaja muongozaji, na aliyeiandika anabaki nyumbani na daftari lake.

Zavattini alizaliwa tarehe 20 Septemba 1902 huko Luzzara, mji mdogo ukingoni mwa mto Po, kaskazini mwa Italia. Wazazi wake walikuwa na mkahawa. Mtoto wa mkahawa anakua akisikiliza: nani anadaiwa, nani kauza ng'ombe, nani amekaa na kikombe kimoja tangu asubuhi kwa sababu hana cha pili. Alifundisha kidogo, akaandika magazetini Parma, halafu mwaka 1930 akahamia Milano kwenye kampuni za uchapishaji, akatoa vitabu vidogo vya visa vya ajabu na vya kuchekesha. Sinema aliingia mwaka 1935 kwa hadithi ya tajiri mmoja aliyechoka na utajiri wake, filamu ya Darò un milione. Muongozaji alikuwa Mario Camerini, na aliyeigiza tajiri huyo ni kijana mtanashati aliyeitwa De Sica. Ndipo walipojuana.

Sinema ya Italia wakati huo ilikuwa chini ya Mussolini. Studio kubwa za Cinecittà zilifunguliwa Roma mwaka 1937, na kati ya filamu zilizopendwa zilikuwemo zile ambazo Wataliano wenyewe waliziita za simu nyeupe: majumba ya kifahari, mabibi wenye nguo za hariri, simu nyeupe kando ya kitanda, mapenzi na kukosana na kupatana. Maskini, akitokea, alikuwa amebeba sinia.

Halafu vita. Babu zetu waliokuwa keya walipigana na Wataliano Habeshi mwaka 1941, kwa hiyo Italia ya vita si hadithi ya mbali sana kwetu. Mwaka 1943 Mussolini alianguka, Wajerumani wakaikalia Roma, na jiji halikukombolewa mpaka Juni 1944. Cinecittà ikageuzwa kambi ya wakimbizi. Mahali palipokuwa na mapazia ya maigizo palitundikwa nguo za watoto zilizofuliwa.

Hapa nataka tutulie, maana habari hii huwa inasimuliwa vibaya. Husemwa kwamba studio ziliharibika, fedha hazikuwepo, kwa hiyo wakatoka na kamera barabarani, na sinema mpya ikazaliwa. Kana kwamba ukata ndio ulioandika zile filamu. Mimi sikubali. Kukosa studio kunakutoa nje ya studio, basi. Ukishafika nje, mtaa mzima uko mbele yako, watu elfu wanapita. Unamfuata nani? Unasimama wapi? Unamwacha lini? Mtu lazima aamue, na anaamua mezani, kwa kalamu, kabla kamera haijawashwa. Zavattini ni mmoja wa walioamua kwa niaba ya taifa zima ni nani anastahili kufuatwa. Hakuwa peke yake. Muongozaji Roberto Rossellini alishatoa filamu ya Roma città aperta mwaka 1945, na mezani pale walikuwepo Sergio Amidei na kijana Federico Fellini. Lakini hakuna aliyelishikilia swali hilo kwa muda mrefu na kwa ukaidi kama mtoto huyu wa Luzzara.

Mwaka 1946 ikatoka Sciuscià. Jina hilo ni la wale watoto waliokuwa wanapiga kiwi viatu vya wanajeshi wa Marekani. Wanajeshi walisema "shoe shine", midomo ya Napoli ikalikunja neno likawa "sciuscià". Sisi tulilichukua jina la dawa ya viatu tukapata kupiga kiwi. Wao walimchukua mteja na kauli yake. Filamu inawafuata wavulana wawili, Pasquale na Giuseppe, wanaojinyima ili wanunue farasi. Si mkate wala viatu vyao wenyewe, farasi! Mwandishi mvivu angewapa njaa tu, maana njaa ya mtoto inaliza haraka. Hawa wamepewa ndoto, na ndoto hiyo ina bei, na kuitafuta bei hiyo ndiko kunakowaingiza kwenye biashara ya magendo ya blanketi, na blanketi zinawapeleka jela ya watoto. Italia haikuipokea vizuri filamu hiyo madukani mwa tiketi. Marekani wakaipa tuzo maalumu ya Oscar.

Sasa turudi kwenye baiskeli. Chanzo chake ni kitabu cha Luigi Bartolini kilichotoka mwaka 1946. Mwenye baiskeli kwenye kitabu ni msanii, mtu msomi, anazunguka Roma kumtafuta mwizi. Baiskeli ikipotea anaudhika, lakini halali njaa. Zavattini aliuchukua wizi ule ule, Roma ile ile, akabadilisha kitu kimoja: mwenye mali. Akaweka Antonio Ricci, mtu aliyekaa muda mrefu bila kazi, akapata kibarua cha kubandika mabango ukutani, na sharti la kibarua ni uwe na baiskeli. Basi ile baiskeli si ile tena. Uzito wa chuma ni ule ule, lakini sasa imebeba kodi, chakula, na heshima ya baba mbele ya mwanawe. Bartolini alikasirika, na namwelewa, kitabu chake kilikuwa kimebaki jina. Lakini kwa mwandishi wa filamu somo lote liko hapo. Usikimbilie kubuni tukio kubwa zaidi. Chukua tukio dogo, ulihamishie kwa mtu ambaye kwake lina gharama.

Na angalia gharama hiyo inavyoonyeshwa. Maria anafika na furushi la shuka dirishani. Karani anazikagua, anasema zimetumika. Wanabishana bei kidogo. Antonio anazipokea fedha, anakwenda dirisha la pili kuikomboa baiskeli. Mwandishi wa kawaida angekata hapo, maana baiskeli imepatikana na hadithi iende. Zavattini na De Sica wanabaki. Tunamwona mfanyakazi amebeba furushi lile la shuka, anapita kwenye rafu, halafu anapanda, anapanda, anapanda, na rafu zimejaa mafurushi ya shuka mpaka darini. Hakuna anayesema kitu. Kumbe nyumba zote za Roma hazina shuka. Sekunde chache tu, na mambo ya Maria na mumewe yamekuwa ya mji mzima bila mtu yeyote kuhutubia.

Siku ya kwanza ya kazi, Antonio yuko juu ya ngazi anabandika bango la Rita Hayworth, mrembo wa Hollywood. Baiskeli inaibiwa chini yake. Kuanzia hapo ni Jumapili moja ndefu: baba na mtoto wake Bruno, sokoni Piazza Vittorio, Porta Portese kwenye mvua, kwa mama mganga, kwenye mgahawa wanakokula mkate wa jibini huku mtoto wa tajiri meza ya pili akimtazama Bruno. Kabla ya kuandika, Zavattini na wenzake walizunguka sehemu hizo kwa miguu, wakaangalia watu wanavyofanya. Mwishoni baba naye anajaribu kuiba, anakamatwa mbele ya mwanawe. Mwenye baiskeli anamwachia. Bruno anamshika mkono, wanapotelea kwenye umati. Kwenye vibanda umiza tulikulia na msemo kwamba steringi hafi. Huyu hakufa. Lakini mwanawe amemwona akipigwa makofi.

Niseme na ukweli mwingine. Ukiangalia majina ya walioandika filamu hiyo utakuta saba, akiwemo De Sica mwenyewe na Suso Cecchi d'Amico, mwanamke ambaye jina lake linastahili jioni yake peke yake. Waandishi wa Italia walikuwa wanafanya kazi kama kikundi: wanakaa mezani, mmoja analeta kisa, mwingine anakivunja, wa tatu anasema "mimi nilimwona mtu kama huyo jana". Kwa hiyo nikisema Zavattini simaanishi alikaa peke yake mlimani. Namaanisha kwamba kwenye meza hiyo yeye ndiye aliyekuwa anawazuia wenzake wasikimbie.

Mwaka 1952 aliyasema mawazo yake waziwazi, yakachapishwa, na yanasomwa mpaka leo. Mfano aliotoa ni huu. Mwanamke anaingia dukani kununua viatu. Bei ni lira 7,000. Anaomba apunguziwe. Jambo lenyewe linachukua dakika mbili, lakini Zavattini anasema yeye anataka kulifanyia filamu ya saa mbili. Kwa vipi? Kwa kuuliza. Mtoto wa mama huyu anafanya nini saa hizi? Hizo lira 7,000 zimepatikanaje, na zikitoka zinaacha pengo gani nyumbani? Muuza duka ni nani, faida yake kiasi gani, naye nyuma yake kuna nani? Ukifuata maswali hayo, jozi moja ya viatu inakufungulia nchi. Kitendo hicho cha kumfuata mtu hatua kwa hatua alikiita kwa neno la Kitaliano la askari kanzu anayemnyatia mshukiwa: pedinare. Tofauti ni kwamba askari anamfuata mtu ili amkamate. Zavattini alimfuata ili amjue.

Filamu iliyofika karibu zaidi na fikra hiyo ni Umberto D., ya mwaka huo huo, 1952. Kisa na mswada vyote ni vya kwake. Mstaafu wa serikali, mzee nadhifu, ana mbwa mdogo anayeitwa Flike, na mama mwenye nyumba anamdai kodi. Aliyeigiza mzee ni Carlo Battisti, profesa wa isimu kutoka Florence, hakuwa mwigizaji. Mzee anauza saa yake ya mfukoni, anauza vitabu, bado deni halilipiki. Inafika siku anasimama kando ya barabara, anajifunza kuomba. Ananyoosha kiganja. Mpita njia anasimama, anaingiza mkono mfukoni. Na pale pale mzee anageuza kiganja, nyuma ya mkono ikawa juu, kana kwamba alikuwa anapima kama mvua inanyesha.

Nimeiona sehemu hiyo mara nyingi na bado inanipata hapa. Yule mtu alikuwa ameshatoa pesa! Njaa ilikuwa inakwisha! Mkono umekataa. Nani kati yetu hajui mzee wa namna hiyo, aliyestaafu, shati limepigwa pasi, ukimuuliza hali anasema "salama kabisa, mwanangu", na jikoni hakujawashwa moto? Zavattini hakuandika hotuba juu ya pensheni ndogo. Aliandika mkono unaogeuka.

Serikali haikupenda. Giulio Andreotti, aliyekuwa naibu katika ofisi ya waziri mkuu anayeshughulikia sinema, na ambaye baadaye aliongoza serikali ya Italia mara kadhaa, alimwandikia De Sica barua ya wazi gazetini mwaka huo. Hoja yake ilikuwa kwamba ikiwa dunia itaamini Italia ya katikati ya karne ya ishirini ndiyo hiyo ya Umberto D., De Sica atakuwa ameitendea nchi yake vibaya. Akataka matumaini yenye afya na ya kujenga. Kwa haki, sheria ya mwaka 1949 iliyobeba jina la Andreotti ilisaidia tasnia: ilileta mikopo na kulinda nafasi ya filamu za nyumbani kwenye kumbi. Lakini fedha hizo zilipita mikononi mwa watu waliousoma mswada kwanza. Mwandishi anayejua msomaji wake wa kwanza ni ofisi ya serikali huanza kujikata mwenyewe kabla hajakatwa. Kauli kwamba aibu ya nyumbani isitolewe nje tunaijua hapa kwetu vizuri sana. Mimi nasema mzee Umberto hakuwa aibu ya Italia. Aibu ilikuwa kodi isiyolipika kwa pensheni ya mtu aliyelitumikia taifa maisha yake yote.

Na watazamaji? Hawakuja kwa wingi. Italia ya miaka ya hamsini ilikuwa inapumua, watu walitaka kucheka, kutazama Hollywood, kununua pikipiki. Wapo wanaosema hilo linathibitisha kwamba Zavattini alikosea. Mimi naona walimhukumu kwa hesabu za wiki moja.

Kuna kazi nyingine za kwake nitazipitia haraka. Miracolo a Milano ya mwaka 1951, ambamo maskini wanaruka angani kwa mifagio juu ya uwanja wa kanisa kuu la Milano. Ilipata tuzo kuu Cannes, na inatukumbusha kwamba mtu huyu alianza na visa vya ajabu na hakuviacha. Roma ore 11 ya mwaka 1952, aliyoiandika pamoja na wengine, inatokana na jambo la kweli: Januari 1951, wasichana wapatao 200 walijipanga kwenye ngazi za nyumba moja Roma kuomba nafasi moja ya mpiga taipu, ngazi zikaanguka. Kabla ya kuandika, kijana Elio Petri alitumwa kwenda kuwahoji wasichana wenyewe. Mliokuwepo Uwanja wa Taifa mwaka 2014, siku ile ya usaili wa kazi za Uhamiaji, mnaijua foleni hiyo.

Mawazo yake yalisafiri. Satyajit Ray wa India aliiona filamu ya baiskeli London mwaka 1950, akarudi Kolkata akiwa ameamua kutengeneza Pather Panchali kwa watu wa kawaida na mahali halisi. Vijana wawili wa Cuba, Tomás Gutiérrez Alea na Julio García Espinosa, walisomea sinema Roma mwanzoni mwa miaka ya hamsini. Baada ya mapinduzi Zavattini alikwenda Havana kufanya kazi nao, kisa chake kikawa filamu ya El joven rebelde. Na alirudia habari za kijijini kwake pamoja na mpiga picha Mmarekani Paul Strand, mwaka 1955 wakatoa kitabu cha picha na maneno ya watu wa Luzzara: wakulima, wajane, watengeneza kofia, kila mmoja akisema habari zake kwa kinywa chake. Filamu aliyoiongoza mwenyewe aliipata akikaribia miaka 80. Alifariki Roma tarehe 13 Oktoba 1989, akazikwa Luzzara.

Vijana mmeniuliza kabla hatujaanza nifundishe jinsi ya kuandika mswada unaouzika. Sina dawa hiyo. Ninachoweza ni kuwaomba kila mmoja aje wiki ijayo na kurasa tatu. Mtu mmoja ananunua kitu kimoja: unga, vocha, daftari la mtoto, dawa. Nataka bei iliyo sahihi ya dukani kwenu, nataka nijue fedha hizo zilikuwa zimepangiwa nini kabla ya hapo, na nataka mniambie mikono yake inafanya nini wakati anahesabu. Asilie mtu. Asife mtu.

Sasa tuzime taa. Fundi wetu ameshatega sehemu ninayotaka muione kutoka Umberto D., ni dakika chache. Ni alfajiri. Maria mwingine huyu, msichana wa kazi wa nyumba ile, mjamzito, baba wa mtoto hajulikani ni yupi kati ya askari wawili. Anaamka, anaingia jikoni. Anawasha kiberiti. Anachungulia dirishani. Anawamwagia maji sisimizi ukutani. Anakaa, anaanza kusaga kahawa, kinu kiko mapajani, na mlango wa jikoni uko wazi. Anaunyoosha mguu, bila kuinuka, anautafuta mlango kwa ncha ya kidole. Mtazameni huo mguu mpaka ufike.